Alama ya X Ukutani Si Hukumu ya Korti



Najua wako kati yenu watakaouliza kwa nini gazeti la wafanyakazi wa reli litoe nafasi kwa ugomvi wa wenye maduka na serikali za kaunti. Jibu langu ni fupi. Hesabuni katika stesheni yenu au karakana yenu ni wangapi ambao nyumbani kwao hakuna duka, wala kioski, wala meza ya mboga, wala cherehani katika kibanda cha kukodi. Mshahara hulipa karo ya mtoto mmoja, na yule wa pili hulipiwa na duka la mama yake. Tena siku mtu apewapo pesa zake za kustaafu, wengi wetu hatujui pa kuzipeleka ila sokoni, kujenga au kukodi chumba cha biashara. Kwa hiyo tingatinga likiangusha duka, mara nyingi linaangusha miaka thelathini ya zamu za usiku.

Neno langu leo ni kwamba sheria ya Kenya inampa mwenye duka njia nyingi za kujitetea mbele ya kaunti kuliko watu wanavyofikiri, lakini kila njia ina siku zake, na siku zikipita mlango unafungwa. Tena kuna mahali ambapo sheria yenyewe imempa mpangaji wa kaunti ulinzi mdogo kuliko mpangaji wa mtu binafsi. Hilo naona si haki, na chama chetu kinapaswa kulisemea.

Ugomvi wenyewe si wa jana. Mji wa Nairobi ulizaliwa na reli mwaka 1899, na ilipofika mwaka 1902, tauni ilipoingia, maduka ya soko la Wahindi yalichomwa moto kwa amri ya wakubwa wa afya. Tangu siku hizo mwenye duka na mwenye mji wanaishi kama mume na mke wasiopatana: hawaachani na hawasikilizani. Mabaraza ya miji yalikuja, yakakaa, yakaondoka mwaka 2013 serikali za kaunti zilipoanza, na kwa mwenye duka kilichobadilika sana ni rangi ya magari.

Siku hizi shauri huanza kwa rangi nyingine. Mtu anafika asubuhi kufungua duka, anakuta ukutani alama ya X nyekundu. Pengine ina tarehe, pengine haina. Hakuna jina la ofisi, hakuna sahihi, hakuna sababu. Wenye maduka wanakusanyika, wanamtafuta mwakilishi wao wa wadi, naye anasema msiwe na wasiwasi, nitaongea na wakubwa. Wanachanga pesa kidogo za kumwona fulani. Wanangoja. Mimi siwalaumu, maana ndivyo tulivyozoea tangu zamani za madiwani. Lakini siku zile wanazozipoteza kwa kungoja zina thamani kuliko pesa walizochanga.

Alama ile si hukumu ya korti. Hata barua yenye mhuri wa kaunti si hukumu. Ni neno la upande mmoja. Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 47, yasema ya kuwa kila mtu ana haki ya kutendewa na wenye mamlaka kwa upesi, kwa kufuata sheria, kwa kiasi na kwa utaratibu wa haki, na kama haki yake itadhuriwa apewe sababu kwa maandishi. Mwaka 2015 Bunge likatunga sheria ya kukieleza kifungu hicho: mtu aambiwe mapema jambo linalokusudiwa, apewe nafasi ya kujieleza, aelezwe sababu, tena ajulishwe ni wapi anapoweza kukata rufani. Basi swali la kwanza la mwenye duka lisiwe ni nani atakayemsaidia. Aulize ni nani ameandika, kwa sheria gani, na tarehe gani. Aandike barua ya kuuliza hayo, nakala mbili, moja aiache ofisini na ya pili ipigwe mhuri wa kupokelewa arudi nayo nyumbani. Karani akikataa kupiga mhuri, aipeleke kwa posta ya rejista. Makarani wengine hukataa kwa sababu wanajua vizuri sana kazi ya mhuri.

Halafu ajiulize ardhi aliyosimama juu yake ni ya nani, maana hapa ndipo njia zinapoachana kama reli kwenye pointi.

Tuanze na yule aliyekodi chumba kwa mtu binafsi, kwa sababu yeye ana ulinzi ambao wengi hawaujui. Kuna sheria ya mwaka 1965, Sura ya 301, ya wenye nyumba na wapangaji wa maduka, hoteli na nyumba za chakula. Kama mapatano yenu hayakuandikwa, au yameandikwa kwa muda usiozidi miaka mitano, au yanaruhusu kuvunjwa kabla ya miaka mitano kwisha, upangaji wako unalindwa na sheria hiyo. Mwenye nyumba hawezi kukuondoa wala kukupandishia kodi kwa kelele tu. Lazima akupe notisi ya maandishi, na notisi hiyo haifanyi kazi kabla ya miezi miwili kupita tangu ulipoipokea. Lazima aseme sababu, na sababu zenyewe zimeandikwa katika sheria. Wewe una mwezi mmoja wa kumjibu kwa maandishi kama wakubali au wakataa. Ukikataa, unapeleka shauri kwenye Jopo la Kodi za Majengo ya Biashara kabla siku ya notisi haijafika, na mpaka Jopo liamue, unakaa dukani mwako. Ukinyamaza, notisi inashika. Jopo si korti kubwa. Mtu aweza kusimama mwenyewe na risiti zake za kodi mkononi akasikilizwa.

Sasa sikilizeni jambo ambalo ndilo limenifanya nishike kalamu. Sheria hiyohiyo ya 1965 imeweka maneno ya kuwatoa watu fulani nje ya ulinzi huo. Inasema ya kuwa upangaji ambao Serikali, au Jumuiya, au serikali ya mtaa ni mmoja wa wahusika, akiwa mwenye nyumba au akiwa mpangaji, hautahesabiwa kuwa wa kulindwa. Jumuiya hapo ni ile ya Afrika ya Mashariki, iliyokuwa na reli zetu kabla haijavunjika mwaka 1977. Kwa hiyo wazee wetu walipokuwa kazini, mtu aliyekodi duka kwenye nyumba za Jumuiya alikuwa nje ya mlango pamoja na aliyekodi kwa baraza la mji. Jumuiya ile imekwisha, na nafasi ya mabaraza ilirithiwa na kaunti. Yule mama mwenye chumba namba fulani katika soko la kaunti amebaki palepale nje.

Wawekeni hawa wawili bega kwa bega. Wote wanauza unga na sabuni. Wote wanalipa kodi kila mwezi. Maduka yao yametenganishwa na barabara moja. Wa upande huu amekodi kwa mwenye nyumba mbaya, mkali, mwenye matusi, lakini mwenye nyumba huyo akitaka kumtoa atajibu mbele ya Jopo. Wa upande ule amekodi kwa kaunti, ambayo aliichagua kwa kura yake na kuilipia leseni, nayo yaweza kumwandikia barua ya siku saba. Akitaka kulalamika hana Jopo. Aende Mahakama ya Mazingira na Ardhi, au kwa hakimu aliyepewa uwezo wa mambo ya ardhi, na makaratasi ya huko ni mazito kwa mtu wa darasa la saba.

Wanaoitetea sheria hiyo husema kwamba mali ya serikali ni mali ya watu wote, na haifai ifungwe na mpangaji mmoja. Neno hili lina maana. Soko likihitaji kujengwa upya, au kama mtu amekalia chumba miaka kumi bila kulipa, kaunti iwe na nguvu ya kutenda. Lakini Jopo halimpi mpangaji duka milele. Linamtaka mwenye nyumba aseme sababu na kuithibitisha, basi. Kama mtu binafsi aweza kufanya hivyo, kaunti yenye mawakili wa mshahara inashindwa na nini? Na tusisahau ya kuwa vyumba vya masoko hugawanywa na watu, na watu wana ndugu zao. Mara ngapi tumeona mpangaji wa zamani ametolewa kwa ajili ya matengenezo, na baada ya rangi mpya kupakwa chumba kimeingia mwenye jina lingine?

Yule aliyejenga mwenyewe kwenye ploti yake, au aliyekodi kwa aliyejenga, hukutana na notisi ya namna nyingine: kwamba jengo halina idhini, au limepita mpaka, au limebadilishwa matumizi. Hii ni notisi ya sheria ya mipango na matumizi ya ardhi ya mwaka 2019. Inatakiwa ieleze kosa na kuonyesha hatua za kuchukua. Asiyeridhika ana siku kumi na nne, nasema kumi na nne, za kukata rufani mbele ya kamati ya kaunti inayosikiliza mashauri ya mipango, na kamati yapaswa kuamua kwa siku thelathini. Baada ya hapo aweza kwenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi kwa jambo la sheria.

Namjua mwenzetu mmoja wa gengi la njia, ambaye mke wake alikuwa na duka la vifaa vya ujenzi katika mji mdogo ambao sitautaja. Walipewa notisi ya namna hii. Walikuwa na ramani iliyopigwa mhuri wa idhini, imekunjwa ndani ya sanduku chini ya kitanda. Waliambiwa na mtu wa ofisi ile ile wasihangaike, faili litatafutwa. Wakaenda Jumatatu, wakaambiwa mwenye funguo yuko likizo. Wakaenda tena, wakaambiwa faili liko kwa mkubwa. Siku ya ishirini na mbili wakapata mtu wa kuwaeleza habari ya kamati, na kamati ikawaambia siku zimepita. Wakili wa bei ndogo aliwapeleka kortini moja kwa moja, na korti ikauliza kwa nini hawakupitia kamati kwanza. Ndiyo sheria: pale palipowekwa mahali pa kulalamikia, korti hutaka upitie hapo kwanza, isipokuwa iwe na sababu ya pekee ya kukuachilia. Ramani yao ilikuwa halali siku zote. Bati na mbao walizoziokoa ziko nyuma ya nyumba mpaka leo.

Wa tatu ni yule aliye kwenye ardhi ya umma: kando ya barabara, kwenye kiwanja cha wazi, au kando ya njia yetu ya reli. Hapa niseme kama mtu wa reli bila kuficha. Treni haipindi kona ya kukwepa kibanda cha mitumba, na dereva akifunga breki na mabehewa yamejaa, atasimama mbali sana na pale alipomwona mtoto. Nafasi ya reli lazima iwe wazi. Sitamtetea mtu aliyeweka jiko la chapati juu ya ncha za mataruma. Lakini kuondolewa kuna utaratibu wake. Sheria ya Ardhi ilirekebishwa mwaka 2016, na kwa ardhi ya umma inataka Tume ya Taifa ya Ardhi itoe notisi ya angalau miezi mitatu, kwa maandishi kwa wanaohusika, katika Gazeti Rasmi la Serikali, katika gazeti linalosomwa nchi nzima, na kwa redio kwa lugha ya watu wa pale. Aliyepewa notisi aweza kwenda kortini kuomba nafuu. Siku ya kuondoa, wanaofanya kazi hiyo wajitambulishe na waonyeshe idhini yao, wasivunje heshima ya watu, tena wawape wenyewe nafasi ya kwanza ya kubomoa na kuokoa vitu vyao. Linganisheni na tingatinga la saa tisa usiku. Mtu asiye na hati hata moja bado ana haki ya kuondolewa kwa adabu, na akiondolewa kwa uhuni ana neno la kusema mbele ya jaji.

Na mwenye hati asijivune sana. Watu wengi hufikiri hati ya kumiliki ikiwa kabatini, mambo yamekwisha. Mwaka 2017 kaunti ya Mombasa ilivunja ukuta wa kiwanja kimoja cha Nyali ili kufungua njia ya kwenda pwani. Kampuni iliyokuwa na kiwanja ilikinunua na ilikuwa na hati. Shauri lilipanda mpaka Mahakama ya Juu, nayo mwezi wa Aprili 2023 ikasema kwamba kiwanja hicho kilikuwa ardhi ya umma, kilitolewa mwaka 1989 bila kufuata utaratibu, na hati iliyozaliwa na tendo lisilo halali hailindwi na kifungu cha 40 cha Katiba, hata kama imepita kwa mnunuzi aliyelipa pesa zake. Mwaka 2018 pia tuliona majengo makubwa ya Nairobi yakianguka, Taj Mall ya Embakasi likiwa mojawapo, na waliokuwa wakikimbia na mabegi ya bidhaa ni wapangaji wa maduka ya ndani ambao hawakuwahi hata kuiona hati ya mwenye jengo. Basi mwenzangu unayetaka kuweka pesa zako za kustaafu katika chumba cha ghorofa mpya, uliza kwanza ardhi ile ilitoka wapi. Upekuzi katika ofisi ya ardhi ni rahisi kuliko wakili wa rufani.

Mambo ya kortini yenyewe nitayapita upesi, maana kila shauri lina wakili wake. La kujua ni kwamba dawa ya kwanza ni amri ya kuzuia, ili mambo yakae kama yalivyo mpaka shauri lisikilizwe, na amri hiyo huombwa kabla ya kubomolewa. Baada ya kubomolewa linabaki dai la fidia. Wakaaji 1,123 wa Garissa, waliovunjiwa nyumba mwishoni mwa mwaka 2010, walipewa na Mahakama Kuu mwezi wa Novemba 2011 shilingi 200,000 kila mmoja. Wenzetu wa Muthurwa, katika nyumba zile za reli ambazo wengi wetu tulizaliwa karibu nazo, walipewa notisi ya siku 90 mwaka 2010 wakaenda kortini. Hukumu ya mwaka 2013 iliona haki zao zimevunjwa, ikaamuru pande zote zikae chini zipange namna ya kuhama. Shauri lile lilikuwa chungu kwa watu wa reli kuliko wengine, kwa sababu mwenye nyumba alikuwa mfuko wa pensheni wa wafanyakazi wa reli. Wastaafu walitaka mali yao izae, na wapangaji walitaka pa kulala.

Sitawadanganya kwamba amri ya korti ni ukuta wa mawe. Wakaaji wa Mitumba, karibu na uwanja wa ndege wa Wilson, walikuwa na amri ya Mahakama Kuu mkononi, na matingatinga yakaja vilevile mwezi wa Novemba 2011. Chama chao cha ustawi kilishikilia shauri mpaka Mahakama ya Juu, iliyotoa hukumu Januari 2021. Zaidi ya miaka tisa! Faida tuliyoipata sote ni kwamba Mahakama ya Juu imekubali ya kuwa korti yaweza kutoa amri na kuendelea kuangalia kama inatimizwa. Lakini watoto waliokuwa wakinyonya siku ya kubomolewa walikuwa wameshafika darasa la tano.

Kuhusu pesa na bidhaa. Ukitaka kuishtaki serikali au serikali ya mtaa kwa madhara iliyokufanyia, sheria inakupa miezi kumi na miwili tu. Kwa mapatano yaliyovunjwa ni miaka mitatu. Mtu wa kawaida ukimshtaki kwa madhara una miaka mitatu, na kwa mapatano sita, kwa hiyo msisikilize mtu anayewaambia mna muda. Kwa bidhaa zilizoharibiwa zisizozidi shilingi 1,000,000, bila ugomvi wa ardhi ndani yake, kuna Mahakama ya Madai Madogo, ambayo huenda mbio kuliko nyingine. Andika orodha ya vitu siku ile ile, piga picha, wataje mashahidi. Na ukishikwa na askari wa kaunti ukapelekwa kwa hakimu, fikiri sana kabla ya kusema 'ni kweli'. Wengi hukubali kosa ili walipe faini ndogo warudi kazini. Hukumu ile huja kusomwa baadaye, unapodai fidia, kuwa ushahidi kwamba kosa lilikuwa lako.

Tena kuna jambo linalonikasirisha kuliko yote. Tuseme umeshinda. Korti imesema kaunti ikulipe. Kwa Sheria ya Mashtaka ya Serikali, huwezi kutuma dalali akamate gari la kaunti hata moja. Lazima upate cheti cha hukumu, ukipeleke kwa kaunti, ungoje, na usipolipwa urudi kortini kuomba amri ya kumlazimisha mkubwa wa fedha alipe, na asipolipa uombe aadhibiwe kwa kuidharau korti. Lakini wewe ukikosa kodi ya miezi miwili, kufuli la kaunti liko mlangoni asubuhi. Naelewa kwamba hatuwezi kuuza gari la wagonjwa kwa sababu ya deni la duka. Hata hivyo, bila dalali, kaunti haina haraka yoyote ya kulipa. Ingefaa sheria iweke siku, na riba ya kuuma baada ya siku hizo, na jina la mkubwa wa kujibu.

Sasa, chama kinaingia wapi? Watu husema chama ni cha mishahara na masaa ya kazi, kisijitie katika maduka. Wasomeni Katiba, kifungu cha 22. Imeandikwa ya kuwa shauri la kuvunjwa kwa haki laweza kufunguliwa na chama kwa ajili ya mwanachama wake mmoja au zaidi. Imeandikwa ya kuwa kufungua shauri la namna hiyo kusitozwe ada, na kwamba korti, ikibidi, ipokee hata maandishi yasiyo ya kiwakili. Watu wa Mitumba walifika Mahakama ya Juu kwa jina la chama. Mwenye duka mmoja mbele ya kaunti ni kama mfanyakazi mmoja mbele ya tajiri wake, na sisi tunalijua jambo hilo vizuri kuliko watu wa biashara, ambao hukumbuka kuungana tingatinga likishawashwa. Sisemi pesa za michango yenu zilipe mawakili wa kila kibanda. Katiba ya chama inasema pesa zitumike kwa nini, nayo iheshimiwe. Lakini kuandika barua kwa karatasi ya chama, kusimama kwa jina katika shauri la wanachama wengi, na kumjulisha mtu siku zake kabla hazijapita, ni mambo ya gharama ndogo. Iko pia Tume ya Haki ya Utawala, ambayo husikiliza malalamiko juu ya maofisi ya serikali bila malipo, na barua ya chama hufunguliwa mapema kuliko ya mtu peke yake.

Katika mkutano ujao wa tawi nitatoa hoja mbili. Ya kwanza, katibu wa tawi awe na daftari la notisi, liandikwe jina la mwanachama au mke wake au mume wake, siku notisi ilipofika, nani aliyeitia sahihi, na siku ya mwisho ya kujibu, kwa wino mwekundu kama ule wa alama zao. Ya pili, makao makuu ya chama yawaandikie Wabunge kuomba yale maneno ya Sura ya 301 yanayowatoa nje wapangaji wa serikali za mitaa yafutwe, ili mpangaji wa soko la kaunti aweze kwenda kwenye Jopo kama jirani yake. Wasiokubaliana nami waje waseme. Nasikia makatibu wengine wanaogopa kugombana na kaunti kwa sababu ya viwanja vya ofisi za chama. Hilo nalo tulizungumze waziwazi.

Mwenye notisi nyumbani sasa asiungoje mkutano. Alete nakala kwa katibu wiki hii, pamoja na bahasha yake kama haijatupwa, maana mhuri wa posta ndio unaoonyesha siku notisi iliyotumwa.